Jini, zimwi au kichimbakazi? Vitabu vya watoto na woga wetu wa maajabu

Kuna neno moja dogo la Kiingereza ambalo limewatoa jasho watafsiri wa vitabu vya watoto kwa miaka mingi. Neno lenyewe ni ‘fairy’: yule msichana mdogo mwenye mabawa membamba, anayekaa ndani ya maua na kutenda maajabu kwa kijiti. Mtafsiri akiandika ‘jini’, mzazi anashtuka. Akiandika ‘malaika’, shehe na padri wote wanakunja uso. ‘Pepo’ nalo lina mashaka yake, maana pepo hupungwa na tena Pepo ni makazi ya waja wema huko akhera. Basi mtafsiri huishia kuandika ‘kiumbe wa ajabu’ na kwenda zake, akimwachia msomaji mzigo ambao yeye mwenyewe umemshinda.

Huenda mtu akasema hili ni suala la kamusi tu. Mimi naona ni suala la uhakiki, na tena si dogo. Namna tunavyowapa majina viumbe wa hadithi huamua kama mtoto atakifungua kitabu au atanyang’anywa. Huamua pia kama mtoto wa Kiswahili ana haki ya kustaajabu kwa lugha yake, au atalazimika kukopa lugha ya wenyewe kila anapotaka kuota ndoto.

Mfano ninaoujua vyema ni wa Makina, pale Kibera. Pita kwenye vibanda vya vitabu vya mtumba kuelekea Soko la Toi, au vuka uende Kawangware, uangalie yanayouzwa chini ya turubai. Kando ya vitabu vya marudio ya mtihani utaviona vijitabu vyembamba vyenye majalada ya kumetameta, vya mfululizo wa Rainbow Magic. Mfululizo huo ulianza kuchapishwa Uingereza mwaka 2003 kwa jina la Daisy Meadows. Daisy Meadows mwenyewe si mtu mmoja, ni jina la kubuni linalotumiwa na kundi la waandishi. Vitabu hivyo ni vingi ajabu na vyote vinafuata mkondo mmoja: wasichana wawili, Rachel na Kirsty, wanawasaidia viumbe hao wenye mabawa kumshinda Jack Frost na vibaraka wake. Kifasihi si vitabu vizito. Hata hivyo vinasomwa hadi kurasa zikang’oka.

Wasichana wa Makina huvisoma kwa Kiingereza, kisha wanasimuliana kwa lugha zao za mtaani. Hapo ndipo mwanaisimu anapotega sikio. Nimewasikia wakisema ‘kajini’, na wengine ‘kamalaika’, kwa kile kiambishi ka- cha udogo ambacho Kiswahili cha Nairobi hukipenda kuliko ki-. “Kajini kalikuwa kamefungiwa ndani ya chupa, ati kakashindwa kutoka.” Mama mmoja aliyekuwa akichagua viatu karibu alisita. “Mwalimu, hicho kitabu ni cha majini?” akaniuliza. Nikamwambia, “La, mama, ni hadithi tu.” Akatikisa kichwa: “Majini si hadithi, mwalimu.” Akamshika bintiye mkono, wakaondoka. Kitabu kilibaki pale pale juu ya gunia.

Wapo watakaomcheka mama huyo kwa kumwona mshamba. Binafsi naona alikuwa mhakiki makini kuliko wengi wetu. Makina ni kitovu cha Wanubi wa Nairobi, wajukuu na vitukuu vya askari wa King’s African Rifles. Jina Kibera lenyewe latokana na neno la Kinubi lenye maana ya msitu. Kinubi ni krioli ambayo msamiati wake mwingi una asili ya Kiarabu, na kwa jamii hii ya Kiislamu ‘jini’ si pambo la hadithi. Qurani ina sura nzima, ya 72, iliyopewa jina la majini. Kwa hiyo unapomwambia mzazi wa Makina kwamba yule msichana mwenye mabawa ni ‘jini mzuri’, hujamtafsiria hadithi. Umetoa kauli kuhusu imani yake, na umekosea. Jirani yake aliye Mkristo wa kanisa la kilokole atasikia vibaya zaidi, maana kwake jini na shetani ni kitu kimoja.

Tusisahau pia tulikotoka. Mwaka 1994 Rais Moi aliunda tume ya kuchunguza ibada ya shetani nchini, ikiongozwa na Askofu Mkuu Nicodemus Kirima. Wazazi wa leo walikuwa watoto au vijana enzi hizo za minong’ono. Na hadi sasa, shule ya bweni ikikumbwa na wasichana wanaozimia na kupiga mayowe, neno la kwanza kutajwa kijijini ni majini. Neno lenye mzigo wa aina hii haliwezi kubandikwa mabawa ya karatasi na kuambiwa liruke.

Hali ni hiyo hiyo, tena ya hatari zaidi, kwa neno ‘magic’. Kiingereza kimelitupia neno hilo mambo mengi ambayo Kiswahili huyatenganisha. Tunao uchawi, ambao ni ubaya wa kudhuru watu. Tunao uganga, ambao aghalabu ni tiba. Ipo sihiri. Ipo mizungu. Kuna mazingaombwe na kiinimacho, mambo ya kupumbaza macho, ambayo mtazamaji huyalipia na kuyacheka. Na kuna muujiza, ambao ni wa Mungu. Msamiati huu ni utajiri. Ajabu ni kwamba watafsiri wetu wanauacha wote na kukimbilia neno moja, uchawi. Ajuza wa hadithi za Ulaya, mwenye kofia ya ncha na ufagio wa kupaa, anaitwa ‘mchawi’, kana kwamba neno hilo ni jepesi.

Kwetu si jepesi hata kidogo. Sheria ya Uchawi, Sura ya 67, imekuwa katika vitabu vya sheria vya Kenya tangu mwaka 1925. Oktoba 2021, wanawake wanne wazee waliuawa na kuchomwa huko Marani, Kaunti ya Kisii, kwa tuhuma za uchawi. Huko Kilifi, wazee wameuawa kwa sababu ya mvi zao. Mtoto wa Uingereza akiona picha ya kikongwe mwenye pua ndefu na chini yake pameandikwa ‘witch’, hamfikirii nyanya wa jirani. Mtoto wetu akiiona picha hiyo hiyo chini ya neno ‘mchawi’, anafundishwa namna ya kumtambua mtu. Wahenga walisema mchawi mpe mwana kulea. Walijua kwamba tuhuma na ulezi hukaa nyumba moja, na kwamba huyo tunayemshuku ndiye pengine atakayemlinda mtoto. Hekima hiyo imo katika methali. Katika vitabu vyetu vingi vya picha haimo.

Je, suluhu ni kuyapiga maajabu marufuku katika vitabu vya watoto? Kwa kweli ndivyo tulivyofanya, ingawa hakuna aliyetangaza. Chukua vitabu vya hadithi vya Kiswahili vinavyopelekwa shuleni. Utakutana na mtoto mtiifu na mwenzake mkaidi, madhara ya dawa za kulevya, usafi wa mikono, utunzaji wa mazingira, na mwisho orodha ya maswali. Sina ugomvi na usafi wa mikono. Lakini mtoto anayesoma kwa kulazimishwa mchana, usiku atatafuta cha kusoma kwa hiari, na hicho atakikuta kwa Kiingereza. Ndipo tunaposhangaa, ‘Mbona watoto hawapendi Kiswahili?’ Watoto wanapenda hadithi. Sisi ndio tuliowapa funzo tukaliita hadithi.

Hapa pana kinaya. Wakubwa tumejiruhusu maajabu. Euphrase Kezilahabi alituandikia Nagona mwaka 1990 na Mzingile mwaka uliofuata. Said Ahmed Mohamed akamleta babu kutoka kuzimu katika Babu Alipofufuka. Kyallo Wadi Wamitila akatuchukua katika safari ya vioja kwenye Bina-Adamu! mwaka 2002. Vyuo vikuu vimeandika tasnifu kuhusu kazi hizi na vimebuni istilahi za kuzieleza. Wengine wanasema uhalisiajabu, wengine uhalisiamazingaombwe. Tazama werevu wa istilahi hizo. Wasomi walipotafuta neno la kueleza mtindo ambao Waingereza wanauita kwa jina la ‘magic’, walichagua ajabu na mazingaombwe. Uchawi waliuweka kando. Walielewa tofauti. Basi mbona mwanafunzi wa shahada ya uzamili apewe ajabu, na mtoto wa darasa la tatu apewe uchawi au apewe maswali ya ufahamu?

Wala si kwamba hatuna historia. Mwaka 1940, Sheldon Press ya London, iliyokuwa chini ya shirika la Kikristo la SPCK, ilichapisha Elisi katika Nchi ya Ajabu, tafsiri ya E. V. St Lo Conan-Davies ya kitabu maarufu cha Lewis Carroll. Michoro ilifanywa upya, na Elisi akawa msichana Mwafrika. Mwaka 2015 Ida Hadjivayanis akatoa tafsiri mpya, Alisi Ndani ya Nchi ya Ajabu. Kati ya tafsiri hizo mbili kuna miaka 75, na watafsiri hao wanatofautiana hata katika jina la mhusika mkuu, lakini wanakubaliana katika neno moja: ajabu. Sungura mwenye saa, paka anayetoweka akabakiza tabasamu, na msichana anayerefuka na kufupika, vyote vimetiwa chini ya neno hilo. Sijawahi kumsikia mzazi akilalamika kwamba Alisi anafundisha uchawi.

Mtu ataniuliza: na Alfu Lela Ulela je? Si imejaa majini? Ni kweli, na majini yamo humo kwa haki. Hizo ni hadithi zilizotungwa na watu walioamini kwamba majini yapo, na zikasimuliwa kwa watu wa imani hiyo hiyo. Jini wa humo ana nguvu, ana hasira, ana mipaka, na hutii jina la Mungu. Msikilizaji wa Lamu au Makina anajua anaambiwa nini. Kosa halipo katika kumtia jini hadithini. Kosa ni kumvika kiumbe wa Uingereza kanzu ya jini, kisha ukamwambia mzazi asiogope.

Twende basi kwa zimwi, ambalo kwa maoni yangu ndilo neno tulilolionea. Zimwi ni ndugu wa mzimu. Maneno yote mawili yana mzizi mmoja wa Kibantu, ule ule uliowapa Wakikuyu irimũ na Wazulu izimu. Waluhya nao wanamjua linani, ambaye jina lake ni tofauti lakini tumbo ni lile lile. Kwa hiyo darasani Makina, ambapo Mnubi ameketi na Mluhya, Mkamba, Mjaluo na Mkikuyu, zimwi ni mgeni anayejulikana katika nyumba nyingi. Hata sarufi imemtengea mahali pake. Tunasema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Hatukusema ‘akujuaye’. Upatanisho wa li- unamweka pamoja na jitu na joka, vitu vilivyokuzwa kupita kiasi. Mtoto anaposikia ‘zimwi likaja’, sarufi yenyewe inamnong’oneza kwamba huyu si mtu wa mtaa wetu.

Na pia kuna lango la kuingilia. Msimulizi husema ‘Paukwa’, hadhira hujibu ‘Pakawa’. Baada ya hapo kila kitu chaweza kutokea. Katika jamii nyingi za Kenya ilikatazwa kusimulia hadithi hizi mchana, kwa sababu mchana una kazi zake na usiku una zake. Taratibu hizi zilikuwa uzio. Zilimfundisha mtoto kutofautisha la hadithini na la sokoni, tena bila mahubiri. Mtoto anayeuliza, “Hii ni stori ama ni ukweli?” ameanza kuwa mhakiki. Tukimfungia hadithi za maajabu, swali hilo hatajifunza kuliuliza, na siku atakapoambiwa kwamba bibi fulani anaruka usiku na ungo, ataamini.

Tena msidhani kwamba hadithi za maajabu hazina funzo. Edward Steere alipochapisha Swahili Tales mwaka 1870, mkusanyo wa ngano alizozipata Unguja, aliingiza humo kisa cha nunda. Paka wa sultani anaanza kwa kula mifugo. Watu wanakuja kushtaki, sultani anawajibu kwamba paka ni wake na mifugo ni yake. Paka anazidi kula, anahamia kwa watu, na sultani hana habari mpaka paka anapowala wanawe mwenyewe. Ndipo anapotambua kwamba huyo si paka tena, ni nunda. Kitinda mimba wake anaingia mwituni kumsaka. Anaua mnyama huyu na yule, na kila akirudi anaambiwa huyo siye, hadi siku anapompata mwenyewe. Niambie ni kitabu kipi cha uraia kinachomweleza mtoto kwa uzuri zaidi namna ubaya unavyolelewa ikulu. Wala hakina hata swali moja la ufahamu mwishoni.

Wajaluo nao wana Nyamgondho wuod Ombare, mvuvi maskini aliyetega samaki katika Ziwa Victoria akamvua ajuza. Anamchukua nyumbani, na tangu siku hiyo mifugo inajaa boma. Utajiri unamlewesha, pombe inamlewesha zaidi, na usiku mmoja anamtukana yule mama. Mama anainuka, anashika njia ya ziwani, na mifugo yote inamfuata majini. Hebu mtazame ajuza huyo. Si mchawi. Si jini. Hana mabawa wala kijiti. Ana heshima yake, na ukiivunja anaondoka na baraka zake. Huyo ndiye mwenzake halisi wa viumbe wa Rainbow Magic, ila yeye ana uzito, na anamfanya mtoto amwangalie bibi kizee wa jirani kwa jicho la adabu badala ya jicho la kushuku. Kwa watoto wa Kibera waliotoka nyumba za Nyanza, ni mali ya babu zao. Kwa wengine ni zawadi.

Sasa turudi kwa neno tulilolianzia. Kamusi zetu zinalo: kichimbakazi. Wengi mtasema ni neno la kutisha, linafanana na jina la mdudu. Lakini litazameni vizuri. Lina ki- ya udogo, na lina -kazi ya uke, ile tunayoisikia katika mjakazi. Udogo na uke: si ndizo sifa za kwanza za msichana wa kwenye ua? Na kwa kuwa ni kiumbe, litachukua upatanisho wa A-WA kama kijana na kiongozi: kichimbakazi alipaa, vichimbakazi walipaa. Halina mzigo wa msikiti wala wa kanisa. Halijamuua bibi yeyote Kisii. Kwamba halijulikani Makina ni kweli, lakini runinga nayo ilijulikana wapi kabla haijatumiwa? Neno hukua kwa kutumiwa, na hakuna mtumiaji hodari kuliko mtoto. Mpe kichimbakazi leo. Kesho atakirudisha mtaani kikiwa ‘kachimbakazi’, nawe utajua kimeshika mizizi.

Hata hivyo sitaki tuishie kwenye kutafsiri. Vitabu vya Harry Potter vimetafsiriwa katika lugha zaidi ya 80. Kiafrikaans kimo, Kiswahili chenye mamilioni ya wasemaji hakimo. Tunaweza kulilia nafasi hiyo, na labda tunastahili kuililia. Lakini hata tukiipata, bado tutakuwa tumepata ndoto za wengine kwa maneno yetu. Kazi iliyo kubwa ni kuandika zetu.

Kwa wachapishaji, ombi langu ni hili. Mkitafsiri, yaachieni imani maneno ya imani: jini, pepo, malaika, shetani. Neno mchawi litumieni kwa tahadhari, na msilibandike kamwe chini ya picha ya bibi kizee. Tumieni ajabu, mazingaombwe, zimwi, nunda, kichimbakazi. Kwa wanaoidhinisha vitabu vya shule katika Taasisi ya Ukuzaji Mitaala, pimeni hadithi kwa hadithi, msiipime kwa idadi ya mafunzo. Mtaala wa umilisi unataja ubunifu kuwa mojawapo ya umilisi wa msingi, na ubunifu hauoti mahali ambapo kila mti una kibao cha onyo.

Na kwa yule mama wa Makina, na wengine walio na wasiwasi kama wake, sina la kuwakemea. Mlikataa neno lisilofaa, na mlikuwa na haki. Tunachodaiwa sisi waandishi na watafsiri ni kuwaletea kitabu ambacho mtaweza kumsomea binti kwa sauti, taa ikiwa imewashwa au stima ikiwa imepotea, mkaanza kwa ‘Paukwa’ naye akajibu, bila yeyote kati yenu kugeuka kuangalia mlango.